Draiva ya Kifaa cha Baba

Mdogo wangu wanamwita Mtaalamu. Jina hilo alipewa kwa kejeli na kinyozi wa chumba cha jirani, siku alipoitwa kutazama mashine ya kunyolea iliyogoma. Aliigeuza, akaifungua, akapuliza vumbi, ndipo akagundua kwamba haikuwa imechomekwa ukutani. Kinyozi alicheka mpaka mteja akatoka na nywele nusu. Tangu hapo ni Mtaalamu, na wapo wanaomwita hivyo kwa heshima bila kujua jina lilikotoka. Mimi ni dada yake mkubwa, naujua ukweli, na sina nia ya kumpamba mtu hapa.

Duka lake ni chumba kimoja mwisho wa korido, ukishampita kinyozi na mama wa fotokopi. Meza yake ni mlango wa zamani uliolazwa juu ya madebe mawili ya rangi. Ukutani amepigilia misumari, na kila msumari una aina yake ya waya. Ukichukua waya ukaurudisha kwenye msumari usio wake, atakununia wiki nzima. Chini ya meza lipo katoni la diski, mia na ushee, kila moja ndani ya bahasha iliyoandikwa kwa mkono jina la mashine, mwaka, na neno moja: printa, kamera, spika, skana. Hizo ni draiva.

Kwa wasiojua, nami nilikuwa mmoja wao, kompyuta haimfahamu mgeni yeyote unayeichomekea mpaka ipewe programu ndogo ya kuiongoza namna ya kuongea naye. Printa ina yake, skana ina yake, hata spika zina yake. Programu hiyo ndiyo draiva. Pasipo draiva, printa mpya kabisa ni kopo tu.

Mafundi wengi mtaani dawa yao ni moja kwa kila ugonjwa: kufomati, yaani kufuta kila kitu na kupandisha Windows upya. Mtaalamu aliwadharau hadharani. Mtu akimletea kompyuta iliyotoka kwa fundi mwingine, haina sauti, haishiki intaneti, angemwuliza, "Alitoa nakala ya draiva kabla ya kufuta?" Mteja angetumbua macho. "Hakutoa. Basi huyo si fundi, ni mfagizi."

Kisha angeanza kazi yake, na hapo nakiri ilikuwa raha kumtazama. Alifungua ile orodha ya vifaa vilivyomo ndani ya mashine, akatafuta penye pembetatu ya njano yenye alama ya mshangao. Hicho ndicho kifaa ambacho kompyuta imekiona lakini haikijui. Alibonyeza, akashuka mpaka kwenye namba ya kifaa, ndefu, herufi na tarakimu zimechanganyika, akainakili kwenye daftari. "Jina la kwenye boksi linaweza kukudanganya," alisema. "Namba haidanganyi." Akaiingiza namba ile kwenye intaneti, na kurasa zikaja na vitufe vitano vyekundu na vya kijani, kila kimoja kikikusihi upakue hapa. Yeye alikwenda moja kwa moja kwenye maandishi madogo ya kijivu yaliyojificha chini. Nilimwuliza alijuaje. "Kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza, dada."

Kanuni ya kutoa nakala kwanza aliipata kwa baba. Baba alikuwa fundi bomba, mtu wa maneno machache na viganja vipana, na alitulea kwa sentensi kama kumi hivi alizozirudia maisha yake yote. Mojawapo ni hii: usilegeze nati kabla hujajua maji yanafungwa wapi. Mtaalamu alimfuata kazini tangu shule ya msingi, akibeba kamba na spana, na baba hakuficha kwamba alitaka mwana wa kumrithi. Mwana akaenda kwenye kompyuta. Baba alinuna miezi miwili, kisha siku moja akapita dukani, akasimama mlangoni, akatazama misumari na waya zake zilivyopangwa. Akasema, "Angalau ni msafi," akaondoka. Mtaalamu aliishi kwa sifa hiyo mwaka mzima.

Ugonjwa wa baba ulianzia miguuni. Alianza kujikwaa, tukamtania kwamba sasa amezeeka. Kisha spana zikawa zinamdondoka. Hospitali walituambia kwamba mishipa inayopeleka amri kwenye misuli inakufa mmoja baada ya mwingine, akili inabaki nzima, na dawa ya kuuzuia hakuna. Mama alikuwa ameshatangulia zamani. Mimi nikahamishia cherehani yangu sebuleni kwake, nikawa nashona huku namhudumia: kumlisha, kumwogesha, kumgeuza. Mwaka wa pili sauti ikaondoka. Mwaka wa tatu kilichobaki ni macho na kidole gumba cha mkono wa kulia, nacho si kwa kubonyeza kitu. Kilitetemeka tu kidogo pale baba alipokusudia.

Hapo ndipo Mtaalamu alipofanya jambo kubwa kuliko yote maishani mwake, na nitalisema ingawa nina hasira naye. Alizunguka mwezi mzima akiuliza, mpaka akapata kituo cha kuwafanyisha mazoezi wagonjwa kilichokuwa kikifungwa na kugawa vyombo vyake. Akarudi na kijiboksi cheupe kinachoenea kiganjani, chenye ukanda wa kufunga kwenye kidole. Kijiboksi hakikuhitaji kubonyezwa. Kilisikia mtikisiko wa msuli. Kwenye skrini zilikuwepo herufi kwa mistari, na taa ya manjano ikishuka mstari kwa mstari. Taa ikifika mstari unaoutaka, unatikisa kidole. Kisha inatembea herufi kwa herufi, unatikisa tena. Kituo kilimtuma mtu wao kuja kukifunga kwenye kompyuta ya nyumbani. Akaweka diski, akafunga draiva, akajaribu, akaichukua diski yake na kuondoka.

Neno la kwanza la baba baada ya miezi saba ya ukimya lilikuwa CHUMVI. Nilidhani anaomba. Akaendelea: IMEZIDI.

Baba aliturudia kwa njia hiyo, tena mjuaji kuliko zamani. BOMBA LA JIKONI LINAVUJA NASIKIA. Kweli lilikuwa linavuja. HUO WIMBO HUUJUI ACHA. Siku niliyokuwa nagombana na mteja aliyetaka gauni lake kabla ya siku tuliyopatana, baba aliandika taratibu, dakika kumi nzima, mimi na mteja tukisubiri kwa adabu: MPE AENDE. Tulicheka wote watatu, yeye kwa macho.

Lakini kompyuta ile ilikuwa kuukuu na ilizidi kuchoka. Taa ya manjano ikawa inakwama katikati ya mstari, kisha inaruka. Baba anataka K anapata N. Anaanza upya. Sentensi ya dakika tatu ikawa ya nusu saa, na nilimwona akikata tamaa katikati ya neno na kufumba macho. Nikamlalamikia Mtaalamu. Nilimwambia kwamba anatengeneza kompyuta za watu baki huku ya baba yake inakufa, na kwamba mganga hajigangi. Nilisema kwa ukali kuliko ilivyostahili. Akasema, "Jumapili nakuja."

Akaja Jumapili asubuhi. Kompyuta ilikuwa kwenye meza nzito nyuma ya kiti cha baba, kiti cha mbao chenye mikono, kwa hiyo ilibidi kwanza tumhamishie baba kitandani. Mimi nilishika kwapani, yeye akashika magotini, kama tulivyokuwa tukifanya siku zote. Tulipomwinua, kandambili yangu ilikanyaga waya, nikayumba. Upande wa kushoto wa baba ulishuka ukagonga mkono wa kiti. Hakikuwa kishindo kikubwa cha kusikika nje. Tukamwinua tena, tukamlaza.

"Baba, umeumia?" Mtaalamu aliuliza.

Baba alikuwa na ishara ya macho: kupepesa mara moja ndiyo, mara mbili hapana. Lakini miezi ya karibuni kope zilikuwa zimelegea, zikishuka zenyewe hata akiwa hajaulizwa kitu. Zilishuka, zikapanda, zikashuka tena.

"Hapana," nilisema. "Hajaumia."

"Una hakika?"

"Mimi ndiye niliye naye kila siku. Nitakosa kujua?"

Akarudi kwenye mashine. Alikuwa na diski yake ya nje, anayoitunza ndani ya soksi, ambamo kila mteja ana folda yake ya draiva. Aliichomeka, akaifungua, nami nilikuwa nyuma yake nikaona kwa macho yangu folda imeandikwa BABA. Aliiona. Akatikisa kichwa kwa kuridhika. Hakuifungua. Mtu aliyewahi kumrudisha mteja nyumbani mara tatu akathibitishe kama ana draiva zake, siku hiyo alisoma jina la baba yake juu ya folda akaona yatosha. Akafomati.

Windows mpya ilipanda vizuri. Programu ya herufi ilipanda vizuri. Taa ikawa inatembea laini, bila kukwama, mstari baada ya mstari, na Mtaalamu akageuka kumtazama baba huku anatabasamu. Akamfunga ukanda kidoleni. Kidole kikatikisika. Taa ikapita. Kikatikisika tena. Taa ikapita tena.

Alifungua orodha ya vifaa. Ilikuwepo pembetatu ya njano, na mbele yake maneno: kifaa kisichojulikana. Akafungua folda ya BABA. Ndani ilikuwemo programu ya herufi, na picha ya baba ameshika spana juu ya ngazi. Draiva haikuwemo. Haikuwahi kuwemo, kwa sababu iliingia kwa diski ya yule mtu wa kituo na ikatoka naye.

"Iko wapi?" niliuliza.

"Nimeifuta," alisema. Sijawahi kumsikia na sauti ile.

Maji yakimwagika hayazoleki, lakini alijaribu kuyazoa. Alipakua programu za kufufua mafaili yaliyofutwa, na siku ya pili akafufua faili lenye jina lenyewe hasa, akaruka kwa furaha, kumbe lilikuwa tupu, ukubwa wake sifuri. Alipasua mausi akaunga nyaya mbili za kitufe ziwe chini ya kidole cha baba. Kidole hakikuwa na nguvu za kusukuma hata karatasi. Mimi nilichora herufi kwenye kadibodi, nikawa nazigusa moja moja nikitazama kope. Kope zilishuka zilipotaka. Tulipata mabonge ya herufi yasiyo na maana, na baba akatokwa na jasho, tukaacha.

Alikwenda kwenye jengo la kituo akakuta wanauza vigae. Namba ya yule mtu ilikuwa haipatikani. Kampuni ndogo iliyotengeneza kijiboksi, ng'ambo huko, ilikuwa imekufa miaka sita iliyopita na tovuti yake ikauzwa kwa watu wa bahati nasibu. Namba ya kifaa, ile isiyodanganya, ilimletea majibu manne tu intaneti nzima. Matatu yalikuwa mitego. La nne lilikuwa baraza la mtandaoni la mafundi wa ng'ambo, ambamo miaka tisa nyuma mtu aliuliza swali hilohilo, neno kwa neno. Chini yake mwingine akajibu: nimekutumia kwa barua pepe. Kisha yule wa kwanza: asante sana, imefanya kazi. Basi. Mjadala umefungwa.

Mtaalamu alinisomea majibu yale akitafsiri, akacheka kicheko kibaya. "Wametumiana wenyewe kwa wenyewe, dada, wakafunga mlango."

Akaanza kuwatafuta watu wale wawili. Alifunga duka. Kinyozi aliuliza kuna nini, alipoambiwa hakutania. Alileta kiti chake cha akiba akakaa naye. Mtaalamu aliandika barua kwa kila anwani iliyofanana na majina yale. Alikuwa akija nyumbani mchana, anaketi mbele ya baba, anamweleza leo kafika wapi, kama fundi anavyompa mteja taarifa. "Nimemwandikia mwingine baba. Huyu anaweza kuwa ndiye." Baba alimtazama. Siku moja alimwambia, "Nisamehe," baba akamtazama vilevile.

Na mimi? Mimi nilifanya nilichokijua. Kila alasiri, jua likipungua, nilimgeuza baba alalie ubavu wa kushoto, uso dirishani, aone barabara. Kabla ya hapo hakuwa akikaa dirishani, lakini nilifikiri mtu asiyeweza kusema angalau aone. Saa mbili, wakati mwingine tatu. Na kila nilipomlaza hivyo machozi yalimtoka. Nilimfuta, nikamwambia mama wa fotokopi aliyekuja kumjulia hali kwamba mzee anaipenda dunia jamani, akiona watu wanapita analia. Yule mama naye akalia.

Tulimwuliza kama anaumwa. Kichwa? Tumbo? Mgongo? Miguu? Kope zikashuka kote, zikapanda kote. Nikampa dawa ya maumivu ya kawaida. Wiki ya tatu akaanza kupumua kwa pumzi fupi. Mtu wa zahanati alisema ndiyo mwendo wa ugonjwa wenyewe.

Siku ya kumi na sita barua ilijibiwa. Aliyeandika alikuwa mwanamke. Alisema kwamba mwenye anwani ile alikuwa mumewe na alifariki muda mrefu uliopita. Kifaa kile alikuwa akikitumia mumewe mwenyewe. Kompyuta yake ipo chumbani, hajaiwasha tangu siku ile, lakini kama baba yetu yu hai basi ataiwasha. Siku ya kumi na nane akatuma faili, na chini yake mstari mmoja: Mwambieni baba yenu aseme kila kitu.

Draiva ilikataa. Ilitengenezwa kwa Windows za zamani, za biti thelathini na mbili, na Mtaalamu alikuwa amepandisha ya sitini na nne. Akafomati tena, mara hii akinakili kila kitu sehemu tatu. Akapandisha Windows ya zamani. Bado ilikataa, ikidai haimjui mtengenezaji, haina sahihi yake. Akaiwasha upya kwa njia ile ya pembeni inayozima ukaguzi wa sahihi. Akaielekeza kwenye faili. Pembetatu ya njano ikatoweka, na jina la kifaa likaandikika kamili. Ilikuwa Ijumaa, saa tisa alasiri, siku ya kumi na tisa.

Baba alikuwa kwenye ubavu wa kushoto, uso dirishani. Nilimgeuza chali. Mtaalamu akasogeza skrini, akafunga ukanda, akapiga magoti kando ya kitanda.

"Sema, baba. Sema chochote."

Taa ikaanza kushuka. Kidole kikatikisika, na mstari ukashika. U. Tukashikana mikono kama watoto. B. A. Nilidhani anataka kusema ubaya. V. U. Alipumzika. Pumzi zake zilikuwa fupi mno. Aliandika kwa dakika ishirini na tano, bila kosa hata moja, kwa sababu mashine sasa ilikuwa haikwami.

UBAVU WA KUSHOTO TANGU JUMAPILI ILE MSINILAZE DIRISHANI

Mtaalamu alisoma mara mbili. Mimi nilisoma mara moja.

Hospitali picha ilionyesha mbavu mbili zimevunjika, na pafu la upande huo limejaa maji na uchafu. Daktari alikuwa mwanamke kijana, mchovu, hakuwa mkali. Alituita wodini, mbele ya kitanda. Kompyuta tulikuwa tumeibeba, iko juu ya kimeza cha chakula, ukanda uko kwenye kidole cha baba, taa inashuka na kupanda ikisubiri.

"Huyu amekuwa akipumua nusu pumzi kwa wiki tatu kwa sababu ya maumivu," alisema. "Ndiyo maana pafu limeoza. Nani alimwangusha?"

"Mimi," alisema Mtaalamu.

Jumapili ile yeye alishika magotini. Alijua vizuri ni nani alishika kwapani. Mimi nikamnyooshea baba shuka.

"Na ninyi hamkumleta?"

"Hakuweza kutuambia. Nilifuta draiva ya kifaa chake, daktari. Ni kosa langu."

Daktari hakuelewa habari za draiva, wala hakuuliza. Aliinua shuka akatazama ubavu. "Lakini kugongwa namna hii huacha alama. Hamkuona alama yoyote?"

"Haikuwepo," mdogo wangu alisema, na alisema kwa nguvu, akinitetea kabla sijashtakiwa. "Dada yangu humwogesha kila siku. Ingekuwepo angeiona."

Alama ilikuwepo. Niliiona Jumatano ya kwanza, chini ya kwapa, pana kama kiganja, bluu kisha manjano. Nilijiambia ni ya kulala. Nilijiambia hivyo kwa sababu nilikuwa nimeshasema hajaumia, nikamfokea aliyeniuliza, na sikutaka kurudi kwake kumwambia nilikosea. Niliipaka mafuta. Siku ya kumi ilikuwa imefifia, nikashukuru.

Nilimtazama baba. Alikuwa ananitazama mimi, si daktari, si Mtaalamu. Kifaa kilikuwa kizima, draiva ilikuwa inafanya kazi, alikuwa na herufi zote mbele yake na watu watatu wa kumsomea. Taa ilishuka mstari kwa mstari mpaka chini, ikarudi juu, ikashuka tena. Kidole chake hakikutikisika.

Alifariki siku ya tisa tangu alazwe. Katika siku hizo aliandika mara moja tu, kwa Mtaalamu, asubuhi alipokuwa amelala kwenye benchi akaamshwa na nesi aje asome: INAKWENDA VIZURI SASA. Mtaalamu aliipiga picha skrini ile. Mimi baba hakuniandikia kitu.

Mwaka huu ni wa nne. Mtaalamu amerudi dukani lakini kufomati ameacha. Mteja akitaka hilo humpeleka kwa mwingine, na humfuata mpaka huko akahakikishe folda imefunguliwa na kilichomo kimeonekana. Draiva ya kile kijiboksi ameiweka wazi kwenye lile baraza la mafundi, na amewajibu watu wanne hadi sasa. Mtu akimwuliza kwa nini aliacha kufomati, hujibu bila kuinamisha uso kwamba alimwua baba yake kwa kufuta faili moja. Kinyozi hugombana naye kila anaposema hivyo. Mimi hupita pale siku mbili tatu kwa wiki na chakula chake. Hunipangusia kiti, huniambia, "Karibu dada, kaa, umechoka," nami hukaa, tukaongea habari za nyumbani mpaka amalize kula.